Mwitikiaji wa Bi Saliha

Tangu kupata akili zake, Bi Saliha hakupata kumwitikia mtu hadithi. Yeye ndiye msimuliaji, waitikie wengine. Ndivyo alivyokuwa Unguja, mtaa wa Malindi, angali mtoto wa kukaa kitini miguu ikaning'inia, na ndivyo alivyokuja kuwa Ibra, wajukuu zake wameshaanza kuoa. Mtu mwengine akijaribu kusimulia mbele yake, Bi Saliha huinuka akaenda jikoni kutazama chungu, hata siku ambayo jikoni hamna chungu.

Na kuitikia ni kazi, isidharauliwe. Wanaozaliwa siku hizi wameikuta televisheni imeshawashwa, wanadhani hadithi ni kitu cha kutazama umefunga mdomo. Kwao Bi Saliha haikuwa hivo. Mmoja anasema, mwengine anapokea. Msimuliaji akisema, "Akaondoka," lazima pawe na mtu wa kusema, "Enhe, akafika?" ndipo naye apate kusema, "Akafika." Asiyepokelewa anaongea peke yake, na mtu anayeongea peke yake huitiwa wa kumsomea.

Wa kumpokea yeye alikuwa Bi Mwanamboka.

Nyumba zao Unguja zilishikana ukuta. Walisoma chuo cha Kurani kwa mwalimu mmoja, na wote wawili hawakufika mbali, kwa sababu Saliha akiulizwa herufi alikuwa akijibu kwa hadithi, na Mwanamboka, badala ya kunyamaza, akimwitikia. Mwalimu akiwapiga pamoja. Skuli hawakutiwa. Kisha nchi ikageuka, watu wakatawanyika, huyu kachukuliwa huku na yule kule. Saliha akaja Oman na mumewe, mtu wa Ibra kwa babu yake, lakini Ibra yenyewe alikuwa hajapata kuitia machoni. Miaka ikapita, hajui shoga yake yuko hai au amekufa.

Jumatano moja akaenda soko la wanawake. Pale Ibra, Jumatano ni siku ya wanawake, wanauza wao na wananunua wao, vitambaa, udi, samli, manukato, kila kitu chini juu ya mikeka. Bi Saliha anatafuta uzi wa kushonea kofia. Nyuma yake muuzaji mmoja wa Kiarabu anamhadithia mteja habari za kitambaa chake, kimetoka wapi, kimepita wapi, kwa nini bei imekaa pale ilipokaa. Na mteja, amejifunika gubigubi, anasema, "Enhe." Muuzaji anaendelea. "Enhe." Mtu anasikiliza bei ya kitambaa kama anasikiliza habari za sultani na binti yake.

Bi Saliha hakugeuka. Alisema tu kwa Kiswahili, akiwa ameupa mgongo mkeka ule, "Palikuwa na msichana mmoja mvivu."

Kisha sauti ile ikasema, "Enhe. Mvivu kama weye?"

Wanawake wa sokoni walihadithiana muda mrefu habari za Wazanzibari wawili waliokaa chini katikati ya vitambaa vya watu wakalia, wakazuia biashara.

Mwanamboka alikuwa ameolewa na Bwana Ussi, dereva wa lori wa njia ya Sur. Bwana Ussi akilala Al Kamil, katikati ya njia, mara nyingi kuliko nyumbani, kwa hivo mkewe alikuwa na nafasi. Akakodi chumba mtaa ule ule wa Bi Saliha. Asubuhi akichoma vitumbua vya kuuza, na magharibi ikishaingia, watu wameshasali na kula, anapanda juu ya paa kwa Bi Saliha na kofia yake ya kushona mkononi.

Umeme ulikuwa haujafika. Joto la Ibra linajulikana, ndani hakukaliki. Watoto wa mtaa mzima wanapanda, wanarusha maji juu ya sakafu ipoe, wanatandika mikeka. Bi Saliha anakaa kati. Mwanamboka anakaa kushoto kwake, daima kushoto, kwa sababu sikio la kulia la Bi Saliha lilikuwa halisikii vizuri, ila hilo hakutaka lijulikane.

Hadithi waliyoipenda watoto ni ya kisima. Msichana mvivu anatumwa maji, kila siku anarudi na ndoo tupu, kwa sababu ndani ya kisima mna jini, na jini linauliza.

"Akafika kisimani," anasema Bi Saliha.

"Enhe. Na ndoo kaishika?"

"Kaishika."

"Kwa mkono gani?"

"We Mwanamboka, mkono unakuhusu nini?"

"Mie namuonea huruma. Jua lenyewe hili."

Watoto wanacheka. Bi Saliha anakunja uso, anaendelea. Akainama, akatia mkono majini, mara sauti ikatoka chini, nzito: "Nani huyo anayetia mkono kwangu?" Hapo Bi Saliha hunyamaza. Na Mwanamboka, mwanamke mnene yule, hutoa kijisauti chembamba kama cha paka aliyebanwa mlangoni: "Mie Mwanamboka, lakini naondoka."

Paa zima huanguka kicheko. Muhanna, mtoto wa kiume wa Bi Saliha, alikuwa akijiviringisha chini mpaka mama yake amshike kanzu asije akaporomoka kichochoroni. Kila mara ni neno lile lile, na kila mara wanacheka upya, na mwisho wakawa wanalisema pamoja naye, sauti nyembamba hizo zote gizani.

Halafu ukaja umeme. Ukaja ubaridi wa mashine, ikaja televisheni. Muhanna mwenyewe, alipoanza kazi, ndiye aliyeinunua, kubwa, akaiweka sebuleni kama mgeni wa heshima. Watoto wakashuka mmoja mmoja. Wakabaki wale wawili juu ya paa, mmoja anasimulia, mmoja anaitikia, mpaka magoti yao nayo yakazikataa ngazi. Tokea hapo ikawa wanaonana Jumatano tu, wakitoka sokoni. Hawasimuliani tena. Wanakula vitumbua, wanasengenya.

Sasa, Muhanna ana binti, Ghadeer, anasoma Nizwa, mambo ya filamu. Mtoto mzuri, ana adabu, Kiswahili chake kimevunjika lakini anakikokota. Siku moja akaja nyumbani amevimba. Kuna mwenzake chuoni kamsikia akizungumza na bibi yake kwenye simu, akamwambia hiyo ni lugha ya jikoni, yeye aliisikia kwa mtumishi wao.

"Ukamjibu nini?" akauliza Bi Saliha.

"Sikujibu, Bibi. Mimi nataka nijibu kwa filamu. Watu waone lugha hii ana nyumba yake. Ana hadithi yake. Sisi ni watu wa hapa na hii ni yetu pia."

Muhanna aliyekuwa akinywa kahawa akaweka kikombe chini. "Mwanangu, watu wameshasahau tulikotoka. Weye unawakumbusha."

"Wamesahau nini?" akasema mama yake. "Mie sijasahau kitu. Lete hiyo kamera."

Kwa hivo, kioo kile kile cha televisheni kilichowashusha watoto kutoka juu ya paa kikaja kuomba hadithi. Bi Saliha alilifurahia jambo hilo kuliko alivyoonesha. Alivaa nguo ya Idi. Akaagiza Mwanamboka aitwe, kwani hadithi haisimuliki bila mwitikiaji, na Mwanamboka akaja na vitumbua vyake vimefunikwa kawa, anahema.

Ghadeer alipiga picha alasiri yote. Kisima, ndoo, jini. Bi Saliha alisimulia kama hajapata kusimulia. Na Mwanamboka, miaka mingapi hajaitikia, akarudi kuwa yule yule. "Enhe. Mkono gani?" Jini lilipouliza, akatoa kile kijisauti chake, na Ghadeer akacheka mpaka kamera ikatikisika.

Mwanamboka akishaondoka, Ghadeer akamuonesha bibi yake alichopiga. Bi Saliha akatazama. Akajiona, amenyooka, anasema vizuri. Lakini kila anapofika pazuri, kicheko kinakwenda kushoto. Jicho la kamera lenyewe lilikuwa linakwenda kushoto.

"Hii hadithi ya nani?" akauliza.

"Yako, Bibi."

"Mbona anaonekana yeye?"

"Bi Mwanamboka mzuri sana, Bibi. Anachekesha. Wallahi watu watampenda."

Hilo ndilo lililomaliza neno. "Futa," akasema Bi Saliha. "Nipige mie peke yangu."

Ghadeer alijaribu kumbembeleza. Nani amewahi kumbembeleza Bi Saliha? Kadi ya kamera ilikuwa imejaa, na bibi ameshakaa tayari, mkono juu ya goti, anangoja. Mtoto akafuta. Akapiga upya, mtu mmoja katikati ya chumba.

Jumatano iliyofuata Mwanamboka akasema, akimenya chungwa, "Nasikia mumepiga tena."

"Tumepiga."

"Mie sikuwepo."

"Hukuwepo."

"Enhe," akasema Mwanamboka. Akaligawa chungwa, akampa mwenzake nusu kubwa.

Halikuzungumzwa tena. Na halikupata nafasi ya kuzungumzwa, kwani baridi ilipoingia Mwanamboka alishikwa na kifua. Alipelekwa hospitali, akarudi, akasema hajambo. Alfajiri moja akakutwa amekwenda zake, usingizini, tasbihi mkononi. Akazikwa Ibra, karibu na Bwana Ussi aliyemtangulia. Bi Saliha alikaa msibani mpaka khitma, kushoto kwake pako wazi, na kila aliyetaka kukaa pale akiambiwa asogee mbele.

Ilikuwa baada ya hapo Ghadeer alipokuja na filamu yake imekamilika. Akaiunganisha na televisheni ya sebuleni. Ikaanza na maji ya mfereji yakipita kwenye migomba ya kijiji cha Birkat al Mauz, yamepigwa kutoka juu kwa kamera ya kuruka, pazuri sana. Zikaja nyumba kongwe za Ibra zilizobomoka. Ikaja sauti ya Ghadeer mwenyewe kwa Kiarabu, inaeleza watu hawa ni nani na walirudije. Kisha Bi Saliha akatokea, na maandishi ya Kiarabu chini yake, akaanza hadithi.

Bi Saliha akasikiliza. Msichana akaondoka akafika akashika ndoo akainama akatia mkono jini likauliza akakimbia. Hadithi ilikuwa inakimbia kama mtu aliyeiba.

"Iko wapi pale niliponyamaza?" akauliza.

"Wapi, Bibi?"

"Kila mahala. Mie nilinyamaza."

Na kweli alinyamaza. Siku ile ya kupigwa peke yake, mdomo ulizowea. Kila alipomaliza neno alikuwa amesita na kugeuka kushoto, anangoja, halafu anaendelea. Mwenyewe hakujijua mpaka dakika hii.

"Nimetoa, habibti Bibi. Kimya kingi. Ustadhi wetu wa chuoni Nizwa amesema filamu iwe fupi, na pale hakuna kitu."

"Rudisha."

"Bibi, hakuna kitu pale."

"Pana mtu pale," akasema Bi Saliha.

Ghadeer akamtazama bibi yake, kisha akaitazama ile nafasi ya kushoto kwenye kochi, ambayo hata nyumbani ilikuwa haikaliwi. Hakuuliza ni nani.

Lakini si jambo jepesi. Filamu za wanafunzi zilikuwa zioneshwe Nizwa mbele ya watu, na kila moja imepewa kipimo chake cha dakika. Ukirudisha kimya, inazidi. Ikizidi, haioneshwi, na yule wa lugha ya jikoni anabaki na neno lake. Ghadeer akampigia mwalimu, akamuweka kwenye spika. Ustadhi Zakariya, mtu mstaarabu, akamsalimia Bi Saliha kwanza, akamuulizia afya yake na ya nyumba nzima.

"Mama," akasema kwa Kiarabu, "watu watadhani sauti imekatika."

"Wadhani."

"Wataanza kuzungumza."

"Hiyo ndiyo kazi ya kimya," akasema Bi Saliha. Ustadhi hakuelewa, lakini aliona huyu si mtu wa kuvutana naye. Akamwambia Ghadeer filamu ni yake, aamue, ila kipimo asikipite.

Ghadeer akakaa sebuleni na kompyuta yake mapajani, amenuna. Ili kimya kirudi, kitu kiondoke. Akatoa maelezo yake mwenyewe nusu. Hayakutosha. Akatoa migomba ya Birkat al Mauz, na hapo machozi yakamtoka kidogo, kwani alikwenda kule asubuhi na mapema siku nyingi kungoja mwanga. Bi Saliha alimuona. Hakusema pole, hakuwa mtu wa pole. Alikwenda jikoni, safari hii chungu kipo kweli, akamletea uji wa ngano na tende.

Siku ya kuonesha, Muhanna aliendesha gari kutoka Ibra mpaka Nizwa. Amevaa dishdasha jipya, ile kanzu ya Kiomani, kilemba amekifunga vizuri, kama anakwenda barazani kwa mkubwa. Karibu na kufika akasema, "Mama, kuna watu wa kazini kwangu watakuwepo."

"Vizuri. Watanijua."

Ukumbi ulijaa. Vijana wengi, wazazi, na nyuma wanawake wa makamo na watu wazima, baadhi yao ukiwatazama tu namna walivyotupa mitandio unajua bahari wameivuka. Bi Saliha akapewa kiti cha mbele, Muhanna kulia kwake. Kushoto akaweka mkoba.

Taa zikazimwa. Nyumba kongwe zikapita, ikapita sauti ya Ghadeer. Kisha akajiona mwenyewe, mkubwa kama mlango wa ngome, na yule Saliha wa kwenye kioo akasema, "Palikuwa na msichana mmoja mvivu."

Akageuka kushoto. Akangoja.

Kimya.

Watu wakajisogeza vitini. Yule wa kwenye kioo akaendelea, "Kila akitumwa maji, anarudi na ndoo tupu." Akageuka tena kushoto. Kimya. Mtu akanong'ona kwa Kiarabu, "Sauti imekatika." Kijana aliyesimamia mitambo akainuka, akaanza kugusa waya. Ghadeer, amesimama ukutani, ameishika ncha ya abaya yake kwa mikono miwili. Mahala fulani kati ya viti mtu akacheka, na kicheko chenyewe hakikuwa kizuri.

Bi Saliha alimtazama yule mwanamke mkubwa aliyenyooka, mkono juu ya goti, anangoja mtu aliyemfukuza mwenyewe. Angoje mpaka lini? Filamu hiyo itaoneshwa leo na kesho, na kila ikioneshwa atageuka kushoto.

"Akafika kisimani," akasema yule wa kwenye kioo.

"Enhe," akasema Bi Saliha.

Lilitoka kavu, halijazowea njia. Watu wa mstari wa mbele wakamgeukia. Kijana wa mitambo akasimama na waya mkononi.

"Akaishika ndoo," akasema wa kwenye kioo.

"Enhe. Kwa mkono gani?"

Nyuma kabisa mwanamke mmoja akaguna, guno la mtu aliyesikia harufu ya nyumba yao. Kioo kiliposema, "Akainama," sauti ya nyuma ikapokea, "Akainama." Neno lililofuata wakapokea watatu wanne. Vijana wakageuka kuwatazama. Wakayasoma maandishi ya chini, wakaanza kucheka panapochekesha.

Kisha jini likauliza, kwa ile sauti nzito ambayo Bi Saliha alikuwa akijisifu nayo: "Nani huyo anayetia mkono kwangu?"

Na yule wa kwenye kioo akageuka kushoto, akangoja kuliko kote.

Bi Saliha akafungua mdomo. Hakikutoka kitu. Watu wa nyuma nao wamenyamaza, kwani hapo hawajui la kusema. Kila nyumba na neno lake. Kimya kikakaa ukumbini na hakuna wa kukishika.

Hapo kulia kwake, ndani ya kilemba na dishdasha jipya, mbele ya watu wa kazini kwake, Muhanna akatoa kijisauti chembamba kama cha paka aliyebanwa mlangoni.

"Mie Mwanamboka, lakini naondoka."

Ukumbi ukaanguka kicheko. Muhanna hakucheka. Alikuwa ametazama mbele, ndevu zake za mvi zinatikisika. Mama yake akanyoosha mkono gizani akamshika kanzu, kama alivyokuwa akimshika juu ya paa.

Taa zilipowashwa watu walimzunguka Ghadeer. Ustadhi Zakariya alikuwa anamwambia jambo na mikono miwili. Yule mwanamke wa nyuma, mtu mzima na fimbo yake, akaja polepole mpaka kiti cha mbele.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Mtu wa wapi?"

"Funguni, Unguja, zamani hizo. Sasa nipo hapa hapa Nizwa." Akautazama mkoba kitini, kisha akamtazama Bi Saliha. "Hadithi ile ilikuwa na mwitikiaji wake."

"Ilikuwa naye."

"Nani?"

Bi Saliha akauondoa mkoba ili mwenzake akae. "Mwanamboka binti Ishak, wa Malindi," akasema, kwa sauti ya watu wote kusikia. "Mke wa Ussi wa lori. Alikuwa akichoma vitumbua Ibra."

"Na weye?"

"Mie msimuliaji tu," akasema Bi Saliha. "Kaa. Nikwambie alivyokuwa."

Mwanamke yule akakaa kushoto, akaiegemeza fimbo yake.

"Enhe," akasema.